Mfalme Wu Ding wa China ya Kale: Maswali Yanayoulizwa Mara kwa Mara

Akitajwa mfalme wa kale wa China, wengi humkumbuka Qin Shi Huang na jeshi lake la askari wa udongo. Lakini miaka elfu moja hivi kabla yake alitawala mfalme aliyetuachia kitu cha nadra zaidi: wasiwasi wake, ukiwa umechongwa kwenye mifupa ya kupigia ramli na waandishi wa baraza lake yeye akiwa hai. Jino lilipomuuma, tunajua. Mkewe alipokaribia kujifungua, tunajua alitabiri nini na kilichotokea. Yafuatayo ni maswali ambayo watu huuliza zaidi kuhusu enzi yake.

Wu Ding alikuwa nani, na alitawala lini?

Alikuwa mfalme wa ukoo wa Shang, uliotawala bonde la Mto Huang He, kaskazini mwa China. Wataalamu wengi huweka enzi yake kati ya mwaka 1250 na 1192 KK, yaani miaka 59 hivi, sawa na inavyosema mapokeo ya kale. Miaka ya mwanzo wa utawala wake, Misri ilikuwa chini ya Ramses II.

Makao yake yalikuwa Yin, karibu na mji wa leo wa Anyang katika jimbo la Henan, kandokando ya Mto Huan. Mapokeo yanasema mji mkuu ulihamishiwa huko na Pan Geng, aliyekuwa baba yake mkubwa. Baada ya Pan Geng kiti kilikwenda kwa mdogo wake Xiao Xin, kisha kwa mdogo wao Xiao Yi, na huyu Xiao Yi ndiye baba mzazi wa Wu Ding. Shikilia majina hayo, maana yatarudi kwenye habari ya jino.

Tunajuaje habari zake? Je, si hadithi tu?

Swali hili wasomi wenyewe waliliuliza kwa uzito. Mwanzoni mwa karne ya 20 walikuwapo wanahistoria waliotilia shaka kama ukoo wa Shang uliwahi kuwapo kabisa, kwa sababu vitabu vilivyowataja viliandikwa mamia ya miaka baadaye. Kilichobadili mambo ni mifupa.

Wakulima wa kijiji cha Xiaotun, karibu na Anyang, walikuwa wakifukua mashambani vipande vya mifupa mikuukuu na kuviuza kwa wauza dawa. Viliitwa mifupa ya joka, vikasagwa na kunywewa kama tiba. Mwaka 1899 Wang Yirong, msomi mkubwa wa Beijing aliyekuwa bingwa wa maandishi ya kale, alivitambua vile vikwaruzo juu ya mifupa kuwa ni maandishi. Hakuishi kuyasoma: mwaka 1900 majeshi ya kigeni yalipoingia Beijing, alijiua. Liu E alichapisha mkusanyo wa kwanza mwaka 1903, Luo Zhenyu akafuatilia mpaka akagundua mifupa inatoka Xiaotun, na mwaka 1917 Wang Guowei akaonyesha kwamba majina ya wafalme yaliyomo mifupani yanalingana kwa kiasi kikubwa na orodha iliyoandikwa na mwanahistoria Sima Qian zaidi ya miaka elfu moja baada ya Wu Ding. Ukoo uliodhaniwa ni ngano ukarudi kwenye historia.

Uchimbaji rasmi ulianza mwaka 1928. Mwaka 1936, katika shimo linaloitwa YH127, wachimbaji walikuta shehena ya vipande zaidi ya 17,000, karibu vyote vya zama za Wu Ding. Waliukata udongo wote kama bonge moja na kuusafirisha mpaka Nanjing ili waufungue taratibu. Mwaka uliofuata vita na Japani vikasimamisha kazi yote.

Hadi leo vimepatikana vipande zaidi ya 150,000, na zaidi ya nusu ya maandishi yaliyomo ni ya enzi ya Wu Ding. Ndiyo maana anafahamika kuliko mfalme mwingine yeyote wa Shang.

Ramli yenyewe ilipigwaje?

Walitumia mfupa wa bega wa ng'ombe au gamba la tumboni la kobe. Mfupa ulisafishwa na kulainishwa, kisha upande wa nyuma vikatobolewa vishimo visivyopenya hadi upande wa pili. Muaguzi alitamka jambo linaloulizwa, akaweka kitu cha moto kwenye kishimo, na mfupa ukapasuka kwa sauti. Upande wa mbele ulitokea ufa mmoja wa wima wenye tawi dogo pembeni. Mfalme aliutazama ufa huo na kutamka maana yake.

Baadaye mwandishi alichonga kumbukumbu kandokando ya nyufa: siku, jina la muaguzi, jambo lililoulizwa, pengine na tafsiri ya mfalme, na mara chache kile kilichotokea kweli. Majina ya waaguzi kadhaa wa Wu Ding tunayo: Que, Bin, Zheng, na wengineo. Mara nyingi jambo liliwekwa kwa pande mbili, upande mmoja wa gamba "mvua itanyesha", upande wa pili "mvua haitanyesha".

Zingatia aliyekuwa na neno la mwisho. Waaguzi waliandaa na kuuliza, lakini mwenye kusoma ufa alikuwa mfalme. Mamlaka yake yalikaa hapo: yeye ndiye aliyesikilizana na mizimu ya ukoo, na kupitia mizimu hiyo akamfikia Di, mungu mkuu aliyeamuru mvua, upepo na ushindi.

Mfalme aliuliza mambo gani?

Karibu kila kitu. Je, nafaka itakubali mwaka huu? Je, Di ataamuru mvua? Kipande kimoja mashuhuri kinauliza kama mvua ya leo itatoka magharibi, mashariki, kaskazini au kusini, na ukisoma mfululizo wake unasikia mdundo wa wimbo. Je, tuwashambulie watu wa Tufang au tusubiri? Je, tujenge mji? Kila mwisho wa juma lao la siku kumi waliuliza tena bila kuchoka: siku kumi zijazo zitapita bila balaa?

Kisha kuna mambo ya mwilini. Aliuliza kuhusu macho, kichwa, tumbo, na ndoto mbaya. Jino lilipomsumbua hakuuliza dawa gani, aliuliza nani. Ni Baba Jia? Ni Baba Geng? Ni Baba Xin? Ni Baba Yi? Hao ni baba yake mzazi na ndugu zake watatu waliotawala kabla yake, na kwa desturi ya Shang wote wanne aliwaita baba. Msomaji aliyekua na baba wakubwa na baba wadogo hahitaji kuelezwa zaidi. Mzimu uliokasirika ukishajulikana, hufanyiwa tambiko linalofaa.

Mimi naona hapa ndipo Wu Ding anapoacha kuwa jina la kwenye orodha. Mtu mwenye maelfu ya askari analala na jino linampiga, akihesabu wazee wake waliokufa mmoja mmoja, akijiuliza ni yupi amemkosea.

Je, tabiri zake zilitimia?

Kumbukumbu zilizochongwa zinaelekea kumpendeza mfalme, kwa hiyo tusitegemee orodha ndefu ya makosa yake. Hata hivyo kuna visa vinavyoshangaza kwa uwazi wake.

Muaguzi Que aliuliza kama Fu Hao, mke wa mfalme, atajifungua salama. Mfalme akasoma ufa: akijifungua siku ya *ding*, vizuri, akijifungua siku ya *geng*, heri kubwa zaidi (hayo ni majina ya siku za juma lao la siku kumi). Kumbukumbu inaendelea: baada ya siku 31, siku ya *jiayin*, alijifungua. Haikuwa vizuri. Alikuwa msichana.

Kitaalamu mfalme hakukosea, kwani mtoto hakuja siku yoyote kati ya zile mbili alizozitaja. Lakini yale maneno ya mwisho ni mazito kuyasoma. Mtoto yule wa kike hatajwi kwa jina, na alilotuachia ni kwamba kuzaliwa kwake kuliandikwa kama habari mbaya.

Kisa kingine kiko kwenye mfupa wa bega ambao maandishi yake yamejazwa rangi nyekundu. Ramli ya siku kumi ilitoka vibaya na mfalme akasema kutakuwa na balaa. Siku iliyofuata alikwenda kuwinda wanyama wakubwa wa porini. Gari la farasi la mtumishi wake likapata ajali na kuligonga gari la mfalme, na mwanamfalme Yang akaanguka. Hapo utabiri ulitimia, na mtu fulani akahakikisha kila atakayeuona mfupa huo ataliona hilo.

Fu Hao alikuwa mke tu, au alikuwa jemadari kweli?

Alikuwa vyote viwili, na zaidi. Wu Ding alikuwa na wake watatu waliopewa heshima kamili ya kutambikiwa baadaye, na mbali nao mifupa inataja wanawake wengine wengi wenye cheo cha *fu*. Fu Hao anatajwa mara nyingi mno. Aliongoza matambiko, alipokea magamba ya kobe yaliyotayarishwa kwa ramli, na alikwenda vitani. Ramli moja inahusu kukusanya watu 3,000 wa Fu Hao pamoja na wengine 10,000 ili kuwashambulia watu wa Qiang. Jeshi hilo la 13,000 ndilo kubwa kuliko yote yanayotajwa katika mifupa ya zama hizo.

Mwaka 1976 kundi la wanaakiolojia lililoongozwa na mwanamke, Zheng Zhenxiang, lilifukua kaburi karibu na eneo la majumba ya kifalme. Upana wake ni mdogo, mita 5.6 kwa 4, na kina chake mita 7.5. Makaburi makubwa ya wafalme wa Shang yaliyo ng'ambo ya mto yalivunjwa na wezi tangu zamani, lakini hili halikuguswa. Ndani yake mlikuwa na vyombo na silaha 468 za bronzi zenye uzito wa tani 1.6 hivi, vitu 755 vya jiwe la jedi, mamia ya vitu vya mfupa, na kauri, yaani makombe madogo ya baharini, zaidi ya 6,800. Zaidi ya vyombo 100 vimeandikwa jina la Fu Hao. Mlikuwa pia na mashoka makubwa ya vita ambayo hubebwa na mwenye amri ya jeshi; moja lina uzito wa kilo 9 na limepambwa kwa simba-milia wawili wakiwa na kichwa cha mtu katikati.

Kwa hiyo kilichosemwa na mifupa kilithibitishwa na kaburi. Ni mtu wa kwanza wa ukoo wa kifalme wa Shang ambaye tunaweza kuweka pamoja maandishi yanayomtaja na kaburi lake mwenyewe. Hilo ni jambo kubwa, na nadhani halisemwi vya kutosha: mlango ulio wazi kabisa wa kuingia katika enzi ya Wu Ding ni kaburi la mwanamke.

Fu Hao alifariki kabla ya mumewe, na Wu Ding aliendelea kumtolea sadaka.

Pembe za ndovu na kauri za kaburini zilitoka Afrika?

Wasomaji wa pwani hupenda kuuliza hili, na lina msingi, maana bidhaa hizo mbili tunazifahamu vizuri. Kuhusu pembe, hakuna haja ya kufika Afrika. Kaburini mlikuwa na vikombe vitatu vya pembe vilivyopambwa kwa mawe ya feruzi, lakini zama hizo hali ya hewa ya Henan ilikuwa na joto na unyevu kuliko leo, na ndovu waliishi hukohuko. Mifupa ya ramli inataja uwindaji wao, na huko Yin imepatikana mifupa ya ndovu waliozikwa.

Kauri ni suala jingine. Anyang iko mbali sana na bahari, na kauri huishi katika maji ya joto ya Bahari ya Hindi na Pasifiki. Lazima zilisafiri kupitia mikono mingi. Kama zilitoka Bahari ya China Kusini au kutoka Bahari ya Hindi, wataalamu bado wanabishana. Kwa Shang zilikuwa mali ya thamani. Mfalme kumzawadia mtu kauri ilikuwa heshima ya kuandikwa.

Alipigana na nani, na kwa silaha gani?

Tufang na Gongfang upande wa kaskazini na kaskazini-magharibi, Qiang upande wa magharibi, na makabila mengine mengi. Kitabu cha kale cha Yijing kinasema Gaozong, jina la heshima alilopewa Wu Ding baada ya kufa, aliwapiga Guifang akawashinda baada ya miaka mitatu.

Askari wengi walikwenda kwa miguu, wakiwa na pinde na silaha za bronzi, mchanganyiko wa shaba na bati, mara nyingi na risasi ndani yake. Ni katika zama zake pia ambapo magari ya kukokotwa na farasi yanaonekana China kwa mara ya kwanza kwa ushahidi ulio wazi. Maarifa hayo yaliingia kutoka nyika za kaskazini na magharibi. Yalikuwa machache, ya wakubwa tu, na ile ajali ya uwindaji inaonyesha hayakuwa rahisi kuyaongoza.

Ni kweli walichinja watu kwa matambiko?

Ndiyo, na kwa wingi. Sipendi maandishi yanayolipita jambo hili haraka ili kumsifu mfalme. Ramli za Wu Ding zinauliza idadi ya watu wa kutoa kama zinavyouliza idadi ya ng'ombe na kondoo. Wahanga wakubwa walikuwa mateka wa Qiang. Kipande kimoja kinataja 300 kwa wakati mmoja. Katika eneo la makaburi ya wafalme kumechimbwa mashimo ya kafara zaidi ya elfu moja, mengi yakiwa na mifupa ya watu waliokatwa vichwa. Ndani ya kaburi la Fu Hao mwenyewe walizikwa watu 16 na mbwa 6.

Kati ya ukoo wote, enzi ya Wu Ding ndiyo inayotajwa kwa kafara nyingi zaidi. Sehemu ya sababu ni kwamba mifupa yake ndiyo iliyobaki kwa wingi, lakini vita vyake vya mara kwa mara navyo vilileta mateka. Vita vililisha madhabahu, na ushindi ulioombwa madhabahuni ukaleta vita vingine.

Hadithi ya kunyamaza miaka mitatu na ile ndoto ni ya kweli?

Sima Qian anasimulia kwamba Wu Ding alipotawazwa alikaa miaka mitatu bila kusema, akimwachia waziri mkuu shughuli zote huku akiitazama nchi. Kisha akaota mtu mwenye hekima. Alipoamka aliwatazama mawaziri wake, hakuna aliyefanana naye. Akatuma watu nchi nzima, wakamkuta Fu Yue, mfungwa aliyekuwa akishindilia udongo wa kuta mahali paitwapo Fuyan. Akamfanya waziri, nchi ikastawi.

Hakuna mfupa unaosimulia tukio hilo, na hadithi yenyewe iliwafaa sana wanafalsafa wa baadaye waliotaka wafalme wateue watu kwa uwezo na si kwa ukoo. Mencius alimtaja Fu Yue kwa nia hiyo. Ninachokubali kirahisi ni kwamba Wu Ding alizitia ndoto maanani, kwa sababu mifupa imejaa ndoto zake.

Maisha ya watu wa kawaida yalikuwaje?

Walilima hasa nafaka ndogo za jamii ya uwele, iliyokuwa chakula na pia pombe ya matambiko. Mfalme aliamuru makundi ya watu yaende kulima mashamba pamoja, na kuna ramli inayouliza kama kwa kufanya hivyo watapata mavuno. Mjini Yin kulikuwa na karakana za bronzi, za mifupa na za ufinyanzi. Nyumba za wengi zilikuwa ndogo, nyingine zimechimbwa nusu chini ya ardhi. Sauti zao wenyewe hatunazo. Mifupa ni ya ikulu.

Basi alikuwa mfalme mwema?

Vitabu vya Kichina vya baadaye vinamweka kati ya wafalme bora wa Shang, aliyeurudishia nguvu ukoo uliodhoofika. Uchimbaji unakubaliana na hiyo sehemu ya nguvu: mji mkubwa, bronzi isiyo na mfano, jeshi linalofika mbali. Kumwita mwema ni vigumu kwangu nikikumbuka yale mashimo. Lakini hakuwa mtu wa kujiamini kupita kiasi. Mtawala aliyeuliza kila siku kumi kama balaa inakuja alijua kwamba mvua, maradhi na mavuno havikuwa chini ya amri yake.

Nani alimrithi?

Wanawe wawili, mmoja baada ya mwingine: Zu Geng, kisha Zu Jia. Mwingine, anayejulikana kama Xiao Ji, alifariki mapema. Zu Jia alipanga matambiko kwa ratiba ya kudumu, na maswali yakapungua upana; ramli za baadaye ni fupi na za mazoea. Ukoo wa Shang uliangushwa na ukoo wa Zhou karibu na mwaka 1046 KK.

Maandishi yale ni Kichina cha leo?

Ni babu wa maandishi ya leo. Zimehesabiwa alama zaidi ya 4,000, na ambazo hazijasomeka bado ni nyingi kuliko zinazosomeka. Jumba la makumbusho ya maandishi la Anyang limewahi kutangaza zawadi ya yuan 100,000 kwa kila alama mpya itakayosomwa kwa uthibitisho.

Vitu vya enzi yake vinaweza kuonekana wapi?

Yin yenyewe ni eneo la Urithi wa Dunia wa UNESCO tangu 2006, na Anyang kuna makumbusho mapya yaliyofunguliwa mwaka 2024. Chungu kikubwa cha bronzi chenye miguu minne, Houmuwu, chenye uzito wa kilo 832.84 na kinachohusishwa na mke mwingine wa Wu Ding, kiko Makumbusho ya Taifa mjini Beijing. Vyombo viwili vyenye umbo la bundi kutoka kaburi la Fu Hao vimegawanywa: kimoja Beijing, kingine makumbusho ya jimbo la Henan mjini Zhengzhou. Mifupa iliyochimbwa kabla ya vita iko kwa wingi katika taasisi ya utafiti ya Academia Sinica, Taipei.

Kwa walio Uingereza, mifupa ya ramli ipo Maktaba ya Uingereza mjini London na Maktaba ya Chuo Kikuu cha Cambridge. Walio Kanada wana mkusanyo mkubwa wa Royal Ontario Museum, Toronto. Si vipande vyote huwekwa kwenye maonyesho, kwa hiyo wasiliana na wahusika kwanza uulize kipi kiko wazi kwa wageni.